Mkanda Ulioishia kwenye Keki

"Baba Nusrat, hiyo meza ukiigonga tena nakuja na shoka, naichanja kuni!"

"Unasemaje?"

"Nasema naichanja kuni!"

"Kuni zipo pale nyuma, dada Tuse, chukua tu, mimi na wewe tena?"

Uwanja mzima ulicheka. Tusekile akazidi kupanda. Alisimama katikati ya uwanja wetu pale Mwanjelwa, Mbeya, kitenge kimefungwa kifuani, povu la sabuni likichuruzika hadi kwenye viwiko. Hamza alikuwa barazani kwake na sinia la mchele, na vifundo vya vidole vyake havikutulia. Du-du-du, ka. Du-du-du, ka. Wiki ya pili hiyo, asubuhi na jioni. Mimi, Rukia, nilikuwa upande wangu nasukuma chapati za kuuza, na sitadanganya, sikuombea ugomvi uishe. Mtu anayesikiliza ugomvi hali chapati moja.

"Mwanangu amefanya shifti usiku kucha, anataka kulala!"

"Kwani nagonga kichwa chake?"

"Na ugonge vizuri basi!" Tusekile alipiga kelele mpaka kuku wakatawanyika. "Kila siku unakosea palepale! Ile 'ka' haiji kila mara. Inakuja mara ya kwanza, mara ya pili unaisubiri haiji. Unabaki na mguu hewani. Hewani kabisa! Halafu ndiyo inakuja."

Mkono wa Hamza ukabaki juu ya meza.

"Rudia," alisema.

"Sirudii. Nina nguo kwenye beseni."

"Dada Tuse, tafadhali. Umeusikia wapi huo?"

Na Tusekile, mama wa watu wazima watatu, mwanakwaya wa sauti ya kwanza, akaangalia povu lake kama msichana aliyekutwa dirishani. "Iringa," alisema. "Mwaka tisini na nane. Siku ya pili ya Krismasi. Nilikuwa najifunza cherehani kwa shangazi yangu."

Chapati yangu iliungua. Nikaiacha iungue.

Kwa asiyemjua Hamza, nimweleze. Leo anauza mchele wa Rujewa hapo sokoni, mtu mpole, mizani yake haina maneno. Lakini sisi wenye umri tunajua alikuwa DJ Hamza, aliyekuwa akisafiri na maspika yake juu ya lori la vitunguu, Mbeya hadi Iringa, kwenda kupiga disko la mchana. Baba yake alikuwa na mashine ya kukoboa mpunga kule Rujewa. Beliti ya mashine ilikatika, ikashonwa kwa waya, na kile kiungo kikipita kwenye puli kiligonga "ka", mara nyingine kikateleza kisigonge. Hamza alikulia ndani ya mlio ule. Alipokuwa kijana aliurekodi kwa redio kaseti, akaazima kinanda cha umeme cha kwaya moja, akaweka sauti juu yake, akautia mwendo kasi kama ule muziki wa Ulaya uliokuwa ukitufikia kwa kaseti za kunakiliwa. Watu waliuita muziki wa mashine. Hakukuwa na gitaa, hakukuwa na mwimbaji, na hukuweza kukaa kitini.

Kaseti ilikuwa moja. Redio ya gari la rafiki yake ikaimeza pale Makambako, ikatoka utumbo wote nje. Hamza alisema ataurekodi tena. Kabla hajafanya hivyo, mashine ikauzwa, baba akafa, maisha yakaja.

Sasa masikio. La kushoto lilikwisha kufunga. La kulia, daktari alimwambia lina mwaka, likijitahidi miaka miwili. Ndipo alipoanza kugonga meza. Alitaka kuusikia wimbo wake mara moja kabla ya mlango huo nao kufungwa, na vidole vilikuwa vimeusahau.

"Kulikuwa na mtu wa video," Tusekile alisema, safari hii taratibu. "Yule mwenye taa kubwa. Alisimama juu ya kiti."

"Timotheo," Hamza alisema. "Timo wa Kalenga. Ameshafariki, huu mwaka wa kumi."

"Na mikanda yake nayo imefariki?"

Kabla Hamza hajajibu, Nusrat alikuwa ametoka ndani. Binti yake huyu ana kazi yake mwenyewe: anahamishia mikanda ya zamani kwenye kompyuta. Watu wanamletea harusi za wazazi wao. Yeye anachotafuta ni disko, vijana waliocheza nyuma ya maharusi, kumbi ambazo sasa ni maghala ya mbolea. Ana mafaili na mafaili ya watu wanaoruka. Anasema wenzetu wengine wametunza zao, sisi zetu tunazirekodia juu halafu tunashangaa hatukumbuki.

"Mke wake yupo?" Nusrat aliuliza.

Alikuwepo. Ijumaa tulipiga simu, Jumamosi alfajiri tukapanda basi: Hamza, Nusrat na deki yake ameipakata kama mtoto mgonjwa, Tusekile, na mimi. Mtauliza mimi nilikwenda kufanya nini. Ningebakije?

Njia nzima Tusekile alikuwa anamfundisha Hamza pale mguu unapobaki hewani, anagonga kwenye kiti cha mbele, na mzee aliyekaa kiti hicho akavumilia mpaka Mafinga, akageuka akasema, "Mama, mgongo wangu umeshaujua wimbo, naomba uupumzishe."

Saa saba tulikuwa Kalenga. Nyumba ya Timotheo ni ya matofali ya kuchoma, jiko limejitenga nyuma, na kando ya migomba kuna kaburi la saruji lenye msalaba. Mjane wake, Veneranda, alitupokea kwa salamu za Kihehe, kamwene nyingi, sisi tukatoa shikamoo zetu, akamshika Hamza mkono akamwangalia sana.

"Shemeji umezeeka."

"Unasemaje?"

"Nasema karibu!" Akatugeukia. "Mwenye disko lenu amelala pale mgombani. Sitaki kumsema. Lakini mikanda ya disko hakuna. Wazee wa kanisa walimwita mwaka tisini na tisa, wakamwambia mkono unaopiga picha madhabahuni hauwezi kwenda kupiga picha za watu wanaoruka gizani. Achague. Akasema atairekodia juu yote, kipaimara na harusi. Akafanya hivyo. Nilimwona kwa macho yangu."

Nilimtazama Hamza nikajua hakuhitaji kurudiwa. Lile sikio moja lilikuwa limesikia yote. Alisema tu, "Alhamdulillahi," akakaa kwenye kigoda.

Veneranda akaingia bandani, akatoka na jogoo amemshika mabawa na kisu mkono wa pili. "Shemeji, chinja wewe, ili wote tule." Ndivyo walivyofanya siku zote enzi za Timotheo, Hamza akifika, kisu ni chake. Akaenda nyuma ya jiko, akachinja.

"Haya," Veneranda alisema, "mmetoka Mbeya yote hiyo. Mtaangalia kipaimara cha Devota."

Mnaijua desturi. Mgeni akifika nyumba yenye mkanda, anaonyeshwa mkanda. Huwezi kusema umechoka, wala kusema humjui Devota. Enzi zile tuliangalia harusi za watu ambao hata jina hatukuwajua, tukasifia gauni, tukaulizia shangazi yupi ni yupi. Hamza alikuwa na uso wa mtu aliyefuata mwili mochwari akaambiwa kwanza akate keki ya mtu, lakini akasema, "Tutafurahi sana, shemeji."

Mkanda ulishushwa kutoka kwenye dari la jikoni. Veneranda ameitunza mikanda yake juu ya moshi, pamoja na mahindi ya mbegu, kwa sababu kinachokaa kwenye moshi hakioti ukungu. Nusrat aliukuta mweusi kama mkaa kwa nje. Akaufuta kwa kitambaa, akachungulia ndani, akainua nyusi. "Haujaota ukungu hata kidogo. Nimefungua mikanda ya matajiri Mbeya, imeoza kabatini."

"Moshi," Veneranda alisema, akajikalia vizuri.

Deki ikaunganishwa kwenye runinga na kwenye kompyuta, ili nakala itoke palepale. Picha ikapanda. Kanisa. Kwaya. Nusrat, kwa mazoea yake, akanyoosha kidole kuipeleka mbele.

"Usikimbize!" Veneranda alimpiga kofi dogo la mkono. "Hapo wanapita watu. Wengine wamekufa. Utawakimbizaje?"

Basi tukaangalia kwa mwendo wake. Saa moja. Saa moja na nusu. Watu wanapita na zawadi kwa mdundo, mwenye kanga, mwenye ndoo, mwenye mbuzi anayekataa kuingia ukumbini. Kila anayepita Veneranda alimtaja: huyu yupo Dodoma, huyu alikuwa na moyo mzuri, huyu aliondoka na sufuria yangu hadi leo. Mimi, nikwambie, nilikuwa nafurahia. Tusekile pia, alishaanza kuwa na maoni kuhusu mitindo ya nywele. Harufu ya kuku ilikuwa inakuja kutoka jikoni. Hamza peke yake alikuwa ametazama chini, anasugua vifundo vyake vya vidole kwa kidole gumba. Hakuvigonga tena.

Halafu meza ya keki. Devota, kibinti cha miaka kumi na minne, gauni jeupe limemzidi mabega. Kando yake bibi kizee mfupi kwenye kiti, mdomo wazi tayari, anacheka huku anasubiri kulishwa.

"Mama yangu," Veneranda alisema. Sauti yake ilibadilika. "Miezi miwili baadaye akafa. Alikuwa hajawahi kuonja keki. Alicheka mpaka akalia, Devota alipomtia kipande mdomoni. Ukumbi mzima ukapiga vigelegele."

Devota akainua kisu.

"Na hapa mkanda uliisha," Veneranda alisema, akanyanyuka kuzima. "Miaka yote nimemwambia Timo, wewe, umepiga picha ya mbuzi mpaka mkanda umekwisha, mama yangu umemwacha mdomo wazi. Anasema, mkanda uliisha, mama Devota, ningefanyaje? Nikifika hapa huwa nazima. Siwezi."

"Mama, subiri," Nusrat alisema.

Alikuwa ameinama kwenye kidirisha cha deki, anaangalia gurudumu la mkanda. "Haujaisha. Umebaki mwingi tu."

Picha ikakatika. Chenga. Mstari mweupe ukapanda, ukashuka. Halafu giza, na kutoka gizani filimbi, filimbi nyingi za marefa, na soksi nyeupe. Unakumbuka ile taa ya bluu iliyofanya soksi na meno viwake? Soksi mia mbili zinaruka bila watu. Taa ya Timotheo ikawasha ukumbi na watu wakaota juu ya soksi zao: vijana wamelowa jasho, tochi zinazungushwa juu, madirisha yamezibwa kwa mablanketi ili mchana uwe usiku. Na chini ya yote hayo, kutoka kwenye kispika cha runinga kisichozidi kiganja:

Du-du-du, ka. Du-du-du.

Mguu hewani.

Ka.

Hamza alitoka kwenye kigoda kwa magoti, hivyohivyo, akatambaa hadi kwenye runinga, akaweka sikio la kulia kwenye spika na kiganja kwenye ubavu wake. Akafumba macho. Midomo yake ilikuwa inahesabu.

"Mimi huyo!" Tusekile alipasua kelele. "Rukia, mimi huyo! Mwenye glavu nyeupe! Ona kiuno, ona, Mungu wangu, nilikuwa na kiuno!" Na akasimama, na kitenge chake na miaka yake, akacheza mbele ya yule msichana, na zile sehemu za mguu hewani wote wawili walibaki hewani pamoja. Niliangalia pembeni. Kuna vitu hata mimi siwezi kuvikodolea macho.

Nusrat alikuwa anaangalia kompyuta yake, inaandika, inaandika.

Veneranda alikuwa bado amesimama, mkono umenyooka kuelekea kwenye kitufe.

"Hilo blanketi langu," alisema.

Akasogea karibu na runinga.

"Dirisha la pili. Lenye maua. La harusi yangu. Aliniambia limeibwa kwenye kamba."

Wimbo ulidumu dakika sita. Mwishoni watu walipiga filimbi wakitaka urudiwe, na picha ikashuka ikaonyesha sakafu, miguu, nyaya. Kamera ilikuwa imesahauliwa wazi. Sauti mbili zikasikika karibu kabisa, zinahema.

"Timo, umeuchukua wote?"

"Wote."

"Usiufute, ndugu yangu. Nina kaseti moja tu hii, na kaseti unazijua."

"Sifuti, Hamza. Hata wakinichapa. Nenda kawarudishie wimbo, watavunja ukumbi."

Chenga. Mkanda ukafika mwisho, deki ikajizima kwa kishindo.

Kila mmoja alikuwa ameelewa kwa wakati wake, na Veneranda alikuwa wa mwisho kwa kuwa hakutaka. Mkanda ule haukuisha. Mumewe alikuwa anaangalia namba za mkanda pale ukumbini, anajua ule wimbo wa Hamza unaanzia wapi, na kisu kilipoinuliwa akafika kwenye namba yenyewe. Mbele yake mama mkwe mdomo wazi. Nyuma yake ahadi. Akazima kamera.

Hamza alinyanyuka taratibu. Uso wake ulikuwa umelowa na hakuufuta.

"Shemeji, umesikia. Mimi ndiye niliyemwomba. Nilikuwa nimeshasahau kwamba nilimwomba. Ningejua alichotoa..." Akachukua kofia yake, akatoka nje, akaenda kukaa kwenye jiwe karibu na migomba, mgongo umeelekea nyumba.

Tusekile alianza kukusanya mkoba wake. Mimi nikakunja mtandio. Tulishajua kwamba basi la mwisho limekwenda na kwamba tutatafuta gesti mjini bila kula, na sikumlaumu mwenye nyumba hata kidogo.

Veneranda alikaa chini mbele ya runinga iliyozima.

"Binti," alimwambia Nusrat. "Rudisha nyuma."

"Kwenye keki, mama?"

"Kwenye sauti."

Nusrat akarudisha. *Sifuti, Hamza. Hata wakinichapa.* Veneranda akainamisha kichwa.

"Tena."

*Sifuti, Hamza.*

"Miaka ishirini na mitatu alipiga picha watu," alisema, kana kwamba anaiambia runinga. "Nina mikanda saba humu ndani. Hakuna hata mmoja wenye yeye. Anaonyesha tu, yeye haonekani. Alikuwa na sauti hivi, ya kama anataka kukohoa. Nilikuwa nimeisahau. Nilimsahau sauti, nikabaki na hasira juu yake." Akajifuta pua na ncha ya kanga. "Tena."

Tuliisikiliza mara tano, labda sita. Kisha akamuuliza Nusrat kama ile nakala imeingia. Nusrat akasema imeingia, na kwamba akitaka anaweza kuikata, disko peke yake, kipaimara peke yake, kila mtu achukue lake.

"Usikate!" alisema kwa ukali uleule wa kwanza. "Uiweke hivyohivyo. Mama yangu mdomo wazi, halafu hao wendawazimu wako. Atakayetaka disko aanze na mama yangu. Awaone wote wakipita. Na asikimbize."

"Sitakata, mama."

"Na blanketi langu liandike. Uandike ni la nani."

Nusrat akaandika, nilimwona.

Veneranda akaenda jikoni. Tulisikia mfuniko wa sufuria, mwiko, maji. Hamza alikuwa bado kwenye jiwe, na kidole chake kilikuwa kinagonga goti, du-du-du, halafu kinasubiri, na sasa kilikuwa kinasubiri vizuri. Jua lilikuwa limefika kwenye msalaba wa kaburi. Nilijiambia kwamba mtu anaweza kupata alichokuwa anakililia na akakaa nacho hivyo, pembeni, kama kitu alichookota chenye jina la mwingine.

Mama wa watu akatoka jikoni na jagi la maji na beseni. Akavuka uwanja hadi kwenye jiwe. Akasimama upande wa kulia, upande wa sikio linalosikia, akainama kidogo ili asilazimike kupiga kelele.

"Wewe uliyekula keki ya mama yangu," alisema. "Jogoo uliyemchinja ameiva na ugali unapoa. Nawa mikono, shemeji, uingie ndani tule."